Karama Baina ya Mbingu na Ardhi: Upatanishi wa Vinyume katika Riwaya ya Kusadikika

Ikisiri

Makala haya yanamchunguza Karama, mhusika mkuu wa riwaya ya Kusadikika (1951) ya Shaaban Robert, kama mwanafalsafa wa kubuni aliyewekwa baina ya vinyume vya ulimwengu: mashariki na magharibi, kaskazini na kusini, mbingu na ardhi. Wahakiki wengi wamemsoma Karama kama mwakilishi wa wema anayepambana na Majivuno, mwakilishi wa uovu. Usomaji huo una ukweli, lakini unaacha swali moja bila jibu: kwa nini mtu aliyeshtakiwa kwa kutaka kufundisha sheria anajitetea kwa kusimulia safari za watu wengine? Hoja ya makala ni kwamba masimulizi hayo ndiyo upatanishi wenyewe. Karama anayaleta mbele ya baraza moja maarifa yaliyokusanywa katika ncha sita zinazokinzana, kisha anadai kiwepo chombo cha kudumu cha kazi hiyo, yaani sheria. Makala yanamalizia kwa kupima udhaifu wa upatanishi unaotegemea ridhaa ya mfalme mmoja.

1.0 Utangulizi

Kisa cha Kusadikika kinaweza kuelezwa kwa maneno machache. Katika nchi ya kubuni inayoelea angani, mtu aitwaye Karama anafikishwa mbele ya Mfalme na baraza lake. Mshtaki wake ni Majivuno, Waziri wa nchi hiyo. Kosa linalodaiwa ni kuanzisha mafunzo ya uanasheria, jambo ambalo kwa maoni ya Waziri linahatarisha heshima ya watawala na utulivu wa nchi. Karama anajitetea kwa kusimulia habari za wajumbe sita waliowahi kutumwa pande sita za ulimwengu kutafuta mambo ya manufaa kwa Kusadikika, ambao kila mmoja wao aliporudi alitiwa gerezani. Mwishoni Karama anashinda, na wajumbe wanafunguliwa.

Uhakiki wa riwaya hii umefuata njia kuu mbili. Njia ya kwanza ni ya kihistoria na kisiasa. Kwa kuwa kitabu kilitoka mwaka 1951, miaka mitatu kabla ya kuundwa kwa TANU na miaka kumi kabla ya uhuru wa Tanganyika, Kusadikika imesomwa kama istiara ya utawala wa kikoloni: nchi ya angani ni vazi alilolivaa mwandishi ili aseme yasiyosemeka. Njia ya pili ni ya kimaadili. Hapa wahusika huchukuliwa kuwa ni sifa zilizopewa miili, na mapambano yao kuwa ni mapambano ya wema na uovu. Wanaoifuata njia hii huafikiana kwamba wahusika wa Shaaban Robert ni bapa, kwa maana kwamba hawabadiliki tangu mwanzo hadi mwisho.

Njia zote mbili zinakubaliana katika jambo moja: zinauona ulimwengu wa Kusadikika kama pazia tu. Ya kwanza inalifunua pazia ili iione Tanganyika. Ya pili inalifunua ili iione nafsi ya binadamu. Makala haya yanasimama kwanza mbele ya pazia lenyewe. Umbo la ulimwengu ule, na mahali alipowekwa Karama ndani yake, vina maana ambayo haipatikani kwa haraka ya kufunua. Umbo hilo likishaeleweka, usomaji wa kisiasa na ule wa kimaadili unapata nguvu zaidi.

2.0 Ulimwengu Uliojengwa kwa Jozi

Jina dogo la kitabu linaitangaza Kusadikika kuwa ni nchi iliyo angani. Haikukanyaga ardhi wala haikufika mbinguni. Mipaka yake pande nne haikuwekwa kwa milima, mito wala kuta, bali kwa pepo. Zikijumlishwa pande hizo nne pamoja na juu na chini, zinapatikana ncha sita zinazounda jozi tatu za vinyume, na katikati ya jozi hizo pana nchi moja isiyo na mhimili wowote ila imani ya msimulizi na msomaji. Jina lenyewe limetokana na kitenzi sadiki, na kauli yake ni ya kutendeka: ni nchi inayoweza kusadikiwa.

Kwa msomaji asiyeijua pwani, mpaka wa upepo ni ajabu ya kubuni tu. Kwa msomaji wa pwani ya Afrika Mashariki ni ajabu yenye mizizi. Upepo wa kaskazi huvuma takriban kati ya Desemba na Machi, na kwa karne nyingi ndio ulioleta majahazi kutoka Arabuni, Ghuba na Bara Hindi. Upepo wa kusi hushika zamu takriban kuanzia Aprili, nao ndio uliokuwa ukiyarudisha. Pepo hizi mbili ni vinyume kamili kwa mwelekeo, lakini katika maisha ya bandari hazikuwa maadui. Nahodha hakuchagua moja na kuitupa nyingine. Alihitaji zote mbili, kila moja kwa majira yake. Upepo mmoja ukivuma daima, chombo kingefika na kisirudi, au kisifike kabisa.

Shaaban Robert aliyajua maisha haya kwa karibu. Alizaliwa mwaka 1909 Vibambani, karibu na Tanga, na mwaka 1926 aliajiriwa katika Idara ya Forodha ya serikali ya kikoloni, mahali ambapo kazi ya kila siku ni kupokea, kukagua na kuruhusu kinachoingia na kinachotoka. Haidaiwi hapa kwamba riwaya ni kumbukumbu ya karani wa forodha. Linalodaiwa ni kwamba taashira ya upepo, kwa jamii iliyomlea mwandishi na kwa wasomaji wake wa kwanza, ilikuwa tayari imebeba wazo la vinyume vinavyopokezana zamu.

Kutokana na hilo, mpaka wa Kusadikika una tabia mbili kwa wakati mmoja. Kama mpaka, unatenga. Kama upepo, unasafirisha. Nchi iliyozungukwa na pepo ingetarajiwa kuwa nchi iliyo wazi kuliko zote, kwa sababu kila upande wake una njia. Hata hivyo Kusadikika ya Majivuno imefungwa. Inatuma watu nje na kuwafunga wanaporudi. Hapo ndipo ilipo kasoro ya msingi ya nchi hii, nayo ni kasoro ya mzunguko: kilichotoka hakiruhusiwi kurudi na kufanya kazi. Kwa lugha ya bandari, Kusadikika ni mji unaojua kusi na kuukataa kaskazi.

3.0 Wajumbe Sita na Maarifa Yaliyofungwa

Wajumbe waliotumwa ni Buruhani, Fadhili, Kabuli, Auni, Ridhaa na Amini. Shaaban Robert anatumia majazi, mbinu ya kumpa mhusika jina linalobeba sifa yake. Buruhani ni hoja au ushahidi usiopingika. Fadhili ni wema unaotendwa bila kudaiwa. Kabuli ni kukubali. Auni ni msaada. Ridhaa ni kuwa radhi. Amini ni uaminifu. Kwa kawaida majina haya husomwa moja moja, kila moja likiwa kibandiko juu ya paji la uso wa mwenye nalo. Yakisomwa kwa pamoja yanaonyesha jambo kubwa zaidi. Hizi ni sifa zinazohitajika ili watu wawili wanaopingana waweze kukaa chini na kuelewana: lazima pawe na hoja, pawe na hisani, pawe na utayari wa kukubali, msaada, ridhaa na kuaminiana. Kusadikika imezitawanya sifa hizo kwenye ncha za ulimwengu, kisha ikazikusanya gerezani.

Katika masimulizi ya Karama, kila safari ina mpango unaofanana: nchi inahitaji jambo, mjumbe anajitolea, anapita katika mashaka, anajifunza, anarudi na kusema aliyoyaona, kisha anaadhibiwa. Urudiaji huu umewahi kuonekana kuwa unachosha. Ni kweli kwamba msomaji akishafika safari ya tatu anajua mjumbe wa nne atafikia wapi. Lakini urudiaji una kazi katika kesi. Karama hasimulii ili awaburudishe wasikilizaji, bali ili kuthibitisha kwamba jambo lililotokea mara sita si bahati mbaya. Mjumbe mmoja akifungwa, huenda alikosa. Wawili wakifungwa, huenda wote walikosa. Sita wakifungwa baada ya kutumwa pande zote zinazowezekana, kosa haliwezi kutafutwa tena upande wowote wa nje. Limebaki mahali pamoja tu, napo ni katikati.

Pande hizo sita zinaziba kila mwanya wa udhuru. Lau wajumbe wangetumwa magharibi peke yake, watawala wangesema kwamba elimu ya magharibi haifai na ya mashariki inafaa. Lau wangetumwa ardhini tu, ingesemwa kwamba ya ardhini ni duni na ya mbinguni ni bora. Lakini Kusadikika imekataa ya juu na ya chini, ya kusini na ya kaskazini. Imezikataa ncha zote mbili za kila jozi. Wahenga walisema kwamba mtu hakatai wito, hukataa aitiwalo. Maana yake ni kwamba kusikiliza huja kwanza, na uamuzi hufuata. Kusadikika ilifanya kinyume: ilikataa kabla ya kusikia, tena ikakataa jambo ililolituma yenyewe.

4.0 Karama Kizimbani: Kusimulia Kama Kupatanisha

Karama si mmoja wa wajumbe sita. Hajaenda mbinguni, hajashuka ardhini, wala hakuvuka mpaka wa upepo wowote. Yeye amesimama mahali pamoja, mbele ya Mfalme, na kutoka hapo anazungumza. Msomaji anaweza kuuona huu kuwa upungufu: shujaa asiyesafiri katika kitabu cha safari. Lakini kwa umbo la ulimwengu lililoelezwa hapo juu, mahali pake ndipo hasa panapohitaji mtu. Ncha sita zilikwisha kupata watu wake. Kilichokosekana ni mtu wa kitovuni, atakayezifanya habari zilizotoka pande zinazokinzana zisikike mfululizo, katika sikio moja, bila kukatizwa na pingu.

Kazi hiyo ndiyo inayomfanya Karama kuwa mwanafalsafa. Falsafa yake haikuja kama mafundisho aliyoyatunga mwenyewe. Imekuja kama kupanga: kuiweka habari ya kaskazini karibu na ya kusini, ya mbinguni karibu na ya ardhini, na kuwaachia wasikilizaji wauone uhusiano. Hasemi kwamba mbingu na ardhi ni kitu kimoja, wala hatafuti nusu ya hiki na nusu ya kile. Kila safari inabaki na sura yake. Upatanishi wake unaviacha vinyume viwe vinyume, ila unaviondolea upweke.

Hapa ulinganisho na kesi ya Sokrate unasaidia, mradi usipelekwe mbali kupita kiasi. Sokrate alishtakiwa Athene mwaka 399 KK, na miongoni mwa mashtaka yake lilikuwamo la kuwapotosha vijana. Naye, kama Karama, alikuwa mwalimu aliyeonekana hatari kwa sababu ya kile ambacho wanafunzi wangekuja kukiuliza. Lakini mbinu zao zinatofautiana. Katika utetezi unaojulikana kupitia maandishi ya Plato, Sokrate anamhoji mshtaki wake na kumwonyesha kwamba hajui anachokisema. Karama hamgeuzii Majivuno silaha hiyo. Anamwacha Majivuno na jina lake, kisha anawasimulia wasikilizaji habari za watu walio gerezani. Sokrate alijitetea kwa kuuliza; Karama anajitetea kwa kuwasemea wasiokuwapo. Mmoja alihukumiwa kifo, mwingine akaachiliwa. Tofauti hiyo ya hatima haitoshi kuthibitisha ubora wa mbinu, kwa kuwa moja ni historia na nyingine ni hadithi. Lakini inaonyesha Shaaban Robert alikuwa anatamani nini. Alitamani mahakama ambayo masimulizi yanaweza kuigeuza.

Jambo lingine linafuata. Karama angeweza kujitetea kwa njia fupi: kueleza faida za elimu ya sheria na kuomba asamehewe. Kwa kuchagua njia ndefu anajihatarisha zaidi, kwa sababu kila habari anayoisimulia ni shtaka jipya dhidi ya utawala unaomhukumu. Mtuhumiwa anageuka shahidi, kisha wakili wa wengine sita. Kwa hiyo ndani ya kesi inayouliza kama Kusadikika iwe na wanasheria, Karama anakuwa mwanasheria wa kwanza wa Kusadikika. Baraza linaona kwa macho kile lilichokuwa linakiogopa kwa jina, na linagundua kwamba hakikuiangusha nchi.

5.0 Sheria Kama Mtu wa Tatu

Sasa swali lililoulizwa katika ikisiri linaweza kujibiwa. Uhusiano wa uanasheria na safari sita ni uhusiano wa tatizo na dawa yake. Kusadikika kabla ya Karama ina pande mbili tu katika kila jambo: anayeamuru na anayeamriwa, anayeshtaki na anayeshtakiwa. Majivuno ni Waziri, na wakati huohuo ndiye mshtaki. Anakaa upande wa wanaohukumu, na hutoka upande huohuo kushtaki. Mbele yake mshtakiwa hana mtu. Katika mpangilio huo hakuna mtu wa tatu anayeweza kusikiliza ncha mbili bila kuwa mojawapo.

Mwanasheria, kwa maana anayopewa na riwaya hii, ndiye huyo mtu wa tatu. Hana kaskazi wala kusi yake mwenyewe. Kazi yake ni kuhakikisha kwamba neno la upande mmoja linaufikia upande wa pili likiwa zima. Ndiyo maana kufundisha sheria kunamtisha Majivuno kuliko safari zote sita. Mjumbe mmoja anaweza kufungwa, na maarifa yake yakafungwa naye. Elimu ya sheria ikienea, kila mjumbe ajaye atakuwa na mtu wa kumsemea, na gereza halitatosha tena kuwa jibu. Upatanishi utakuwa umetoka katika kipaji cha mtu mmoja na kuingia katika desturi ya nchi. Hata jina la Karama linaelekea huko: karama ni kipawa, na kipawa kwa asili yake hutolewa ili kigawiwe.

Dai hili halikuwa la angani peke yake. Katika Tanganyika ya wakati huo, mahakama za wenyeji, ambamo Waafrika walio wengi walihukumiwa, hazikuwaruhusu mawakili kusimama na kuwatetea washtakiwa. Mtu wa kawaida aliyefikishwa mbele ya liwali au jumbe alikuwa katika hali ya Kusadikika hasa: upande mmoja mamlaka, upande wa pili yeye. Usomaji wa kisiasa wa riwaya hii kwa kawaida huishia kusema kwamba Majivuno ni mkoloni au kibaraka wake. Umbo la ulimwengu wa riwaya linaruhusu kusema jambo mahususi zaidi. Shaaban Robert hakulalamika tu kwamba watawala ni wabaya. Alitaja chombo kilichokosekana, akakifanya kiini cha kesi, na akaonyesha kwamba kukosekana kwake kunaiharibu nchi hata pale watawala wanapotuma wajumbe kwa nia njema.

Kwa mtazamo huo, lawama ya ubapa wa wahusika inahitaji kurekebishwa. Ni kweli kwamba Majivuno habadiliki na Karama habadiliki. Lakini katika riwaya hii kinachobadilika ni nafasi iliyo baina yao. Mwanzoni nafasi hiyo ni tupu, na ukubwa wake ni sawa na urefu wa mkono unaonyoosha kidole cha shutuma. Mwishoni imejaa habari za pande sita. Msuko wa Kusadikika hauendeshwi na ukuaji wa nafsi, unaendeshwa na kujaa kwa baraza. Mhakiki anayetafuta mhusika mviringo hatampata. Huenda akaupata mviringo katika ulimwengu wenyewe.

6.0 Mipaka ya Upatanishi wa Karama

Usomaji huu haupaswi kuficha udhaifu wa suluhisho linalotolewa. Karama anashinda kwa sababu Mfalme anashawishika. Wananchi wa Kusadikika, ambao ndio wangefaidika na elimu ya sheria, hawana sauti yenye uzito katika uamuzi huo. Kama Mfalme angekuwa na moyo wa Majivuno, masimulizi yaleyale, kwa mpangilio uleule, yangemwongeza Karama gerezani akiwa wa saba. Wahakiki wanaoisoma fasihi kwa jicho la matabaka wana haki ya kuuliza: je, upatanishi unaotegemea sikio la mtawala mmoja ni upatanishi, au ni rehema iliyopambwa?

Jibu la makala haya ni kwamba ni vyote viwili, na kwamba riwaya inaonyesha kuijua hatari hiyo. Anachokitaka Karama si rehema ya Mfalme, ambayo ikitolewa leo inaweza kunyimwa kesho. Anachokitaka ni elimu ambayo ingewaondolea watu haja ya rehema. Hukumu inamfungulia mlango, lakini kazi ya kuifundisha sheria iko mbele, nje ya kurasa. Kwa hiyo kesi ya Karama ni tukio la mara moja linaloomba lisirudiwe: nchi isitegemee tena kuzaliwa kwa mtu mwenye kipaji cha kusimulia habari sita bila kutetereka.

Shaaban Robert aliendelea kulishughulikia jambo hili katika Kufikirika, iliyochapishwa mwaka 1967 baada ya kifo chake cha mwaka 1962. Humo mwalimu wa mwana wa mfalme anaitwa Utubusara Ujingahalisi. Vinyume ambavyo katika Kusadikika vimetawanywa kwenye ncha za ulimwengu, hapa vimeingia ndani ya jina la mtu mmoja: busara na ujinga vimeunganishwa bila kimoja kukifuta kingine. Katika nchi hiyo, wazo la kuwatoa kafara mjinga na mwerevu ili mwana wa mfalme apone linaonyesha mwisho wa jamii isiyo na mpatanishi: inaziua ncha zake zote mbili ikitumaini kuokoa katikati. Utubusara na Karama ni ndugu wa fikra moja. Wote ni walimu, na wote wanagombana na mamlaka kwa sababu ya kile wanachotaka kifundishwe.

Kizazi kilichofuata hakikuridhika na imani hii. Euphrase Kezilahabi, ambaye mwaka 1976 alikamilisha tasnifu yake ya uzamili kuhusu riwaya za Shaaban Robert katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, baadaye alijenga ulimwengu wake wa kubuni katika Nagona (1990) na Mzingile (1991). Humo msafiri anapita katika mandhari ya ukimya na magofu, akikutana na fikra za wanafalsafa bila kukuta baraza lililo tayari kuzisikiliza. Vinyume vipo: uhai na kifo, mwanzo na mwisho. Kisichokuwapo ni kitovu kinachoaminika, wala mfalme wa kushawishiwa. Tofauti hiyo inaweza kusomwa kama kukata tamaa, lakini inaweza pia kusomwa kama swali analoulizwa Karama na aliyemsoma kwa makini: baraza likishabomoka, msimulizi atasimama wapi?

7.0 Hitimisho

Makala haya yamejaribu kuonyesha kwamba Karama ni zaidi ya wema uliosimamishwa mbele ya uovu. Amewekwa katikati ya ulimwengu wa jozi tatu za vinyume, katika nchi inayopata mipaka yake kwa pepo na ambayo, kwa hofu, imegeuza njia zake kuwa kuta. Utetezi wake kwa njia ya masimulizi unarudisha mzunguko uliokatika: maarifa yaliyotoka na kufungwa yanapata kusikika. Dai lake la uanasheria ni dai la kuufanya mzunguko huo uwe wa kudumu, kwa kumweka mtu wa tatu baina ya kila wawili wanaopingana.

Udhaifu wa dai hilo umetajwa: linapita katika mlango wa mfalme. Lakini thamani yake haikuisha na utawala wa mwaka 1951. Popote ambapo mshtaki na hakimu wanakaa kiti kimoja, na wanaotumwa kutafuta elimu wanarudi kukuta masikio yamefungwa, Kusadikika inaendelea kuelea. Wajumbe wake sita walifunguliwa siku Mfalme alipokubali kusikia. Shule ambayo Karama alishtakiwa kwa ajili yake ingekuwa na kazi ya kuhakikisha kwamba wajumbe wanaofuata hawahitaji kungoja siku kama hiyo.